Si kila kichomwacho huungua: Kiswahili cha diski na maktaba za Windows

UJUMBE mmoja mfupi wa kompyuta umewahi kuwanyima usingizi watu wenye kazi za maana. Mtafiti amekusanya ngano na nyimbo kutoka kwa wazee, anataka kuziweka kwenye CD ili nakala moja irudi kijijini kwa wenyewe. Anaingiza diski tupu, anafungua programu ya kuchomea, na badala ya kazi kuanza, skrini inamwambia kwa Kiingereza kwamba programu haiwezi kuendelea kwa sababu faili iitwayo imapi2.dll haipo.

Msomaji wangu ataniuliza: hilo lina uhusiano gani na safu ya lugha? Si apelekewe fundi? Linatuhusu, tena sana. Mtafiti huyo anasoma kwamba kuna faili haipo, naye anafanya kile ambacho mtu yeyote angefanya akiambiwa kitu hakipo: anaenda kukitafuta. Anaingia kwenye intaneti, anakutana na tovuti asiyoijua inayogawa faili ya jina hilo bure, anaipakua na kuipachika ndani ya kompyuta yake. Akiwa na bahati mbaya, pamoja na faili hiyo ameingiza kirusi, na zile ngano alizokuwa akizihifadhi ndizo zinazopotea. Kosa lake halikuanzia kwenye vidole. Lilianzia kwenye maneno. Hakuna aliyemweleza, kwa lugha anayoielewa, faili hiyo ni kitu cha aina gani na inaishi wapi.

Leo basi nataka tuyachunguze maneno matatu: kuchoma, maktaba na kuazima. Rai yangu ni kwamba istilahi njema ni ile inayombebea mtumiaji maarifa, na kwamba katika jambo hili Kiswahili tayari kina maneno hayo jikoni na mtaani. Tumekosa tu kuyaokota.

Tuanze na kitenzi. Katika mitaa yetu, kijana anayetaka nyimbo ziwekwe kwenye diski atasema anataka "kubani sidii". Akiomba afanyiwe, atasema "nibanie". Hapo hebu tucheke kidogo, kwa sababu katika Kiswahili kumbania mtu ni kumnyima au kumzuilia kitu. Mteja anaomba apewe, lakini sikio la Kiswahili linasikia akiomba anyimwe. Ndiyo maana "kuchoma" kulipoingia mahali pake, wengi tulilipokea bila kusitasita.

Lakini je, kuna kitu kinachoungua? Kitenzi choma kina maana pana. Kuna kuchoma kwa moto, kama nyama choma. Kuna kuchoma kwa ncha kali, kama mwiba unavyochoma au daktari anavyomchoma mtu sindano. Kuna maneno yanayochoma moyo. Siku hizi, katika lugha ya vijana wa Nairobi, kuchoma picha ni kujiaibisha mbele za watu. Ni ipi kati ya maana hizi inayoilenga diski?

Tuiangalie diski yenyewe. CD ilibuniwa na kampuni za Philips na Sony, na ikaingia sokoni mwaka wa 1982. Ina kipenyo cha sentimita 12. Ndani yake mna njia moja tu, nyembamba mno, inayojizungusha kama konokono kutoka katikati kwenda ukingoni. Njia hiyo ikinyooshwa itafika zaidi ya kilomita 5, na nafasi kati ya mzunguko mmoja na unaofuata ni mikromita 1.6, yaani sehemu chache tu za elfu moja ya milimita. Diski ya dukani yenye nyimbo za mwanamuziki haichomwi. Hupigwa chapa kiwandani, na vishimo vidogo vikabaki katika plastiki kama alama ya muhuri kwenye nta.

Ile tunayoichoma wenyewe ni ya aina nyingine. Ina tabaka la rangi maalumu. Kiendeshi, yaani kile kidroo kinachochomoza ubavuni mwa kompyuta, kina mwanga wa leza. Wakati wa kusoma, mwanga huo ni hafifu. Wakati wa kuandika, huongezwa nguvu, ukaipasha moto rangi hiyo mahali padogo sana mpaka ikabadilika na kuanza kurudisha mwanga kidogo kuliko jirani yake. Kupishana huko kwa mahali panapong'aa na mahali palipofifia ndiko kunakobeba wimbo, barua au picha. Hakuna ndimi za moto, hakuna moshi, wala diski haitoboki.

Kwa hivyo, nyama choma haitufai kama mfano, na sindano pia haifiki. Mfano unaofaa ni wa mfinyanzi. Chungu huchomwa. Matofali huchomwa. Katika kuchomwa huko, udongo hauungui wala hauteketei. Hukomaa ukawa kitu kingine, na haurudi tena kuwa udongo laini. Ndivyo ilivyo CD ya kuandikwa mara moja: rangi ikishabadilishwa na leza, haibadiliki kurudi ilivyokuwa. Zipo diski nyingine zinazoweza kufutwa na kuandikwa tena, lakini hizo hazitumii rangi hiyo. Zinatumia mchanganyiko wa metali unaoyeyushwa na kugandishwa upya. Kiswahili kinatofautisha kuchoma, kuungua na kuteketea, na tofauti hiyo ndiyo inayotufanya tuelewe kwa nini diski iliyochomwa vizuri haijaungua, ilhali mtu akisema "diski yangu imeungua" tunajua kazi imeharibika.

Lugha nyingine zilichagua njia zake. Wafaransa hutumia kitenzi cha kuchonga, kama fundi anayetia nakshi. Wajerumani hutumia kitenzi cha kuchoma, na kitenzi hicho hicho ndicho wanachokitumia kwa matofali. Mmoja wa waliofaidika na kitenzi hicho ni kampuni ya Ujerumani iliyotengeneza programu ya Nero, ambayo wengi wetu tuliifahamu katika saiba za miaka ya 2000. Jina lake kamili, Nero Burning ROM, ni mchezo wa maneno. Nero ni yule kaisari aliyetawala Roma ilipoteketea mwaka wa 64, na kwa Kijerumani mji wa Roma huitwa Rom. Herufi hizo hizo, ROM, ndizo zinazotaja kumbukumbu ya kusomwa tu katika kompyuta. Nembo ya programu hiyo ina ukumbi wa Colosseum unaowaka moto. Wanahistoria watanong'ona kwamba ukumbi huo ulianza kujengwa baada ya Nero kufa, lakini tuwasamehe waliobuni nembo. Muhimu ni kwamba hata wahandisi hucheza na lugha.

Neno la pili ni maktaba. Herufi DLL zilizo mwishoni mwa jina la ile faili iliyokosekana ni kifupisho cha maneno ya Kiingereza, na neno la mwisho kati ya hayo lina maana ya maktaba. Sisi tulilipata neno maktaba kutoka kwa Kiarabu, katika mzizi unaohusu kuandika, ambao pia ulitupa kitabu, katibu, mkataba na mkutubi. Lakini vitabu viko wapi ndani ya faili ya kompyuta?

Jibu liko katika historia. Mwaka wa 1949, katika Chuo Kikuu cha Cambridge, Uingereza, kompyuta iliyoitwa EDSAC ilianza kufanya kazi. Waliokuwa wakiitumia, akiwemo David Wheeler, waligundua kwamba kila mtu alikuwa akiandika upya hesabu zile zile. Wakaamua kwamba hesabu inayotumika mara kwa mara iandikwe mara moja, ihakikiwe, kisha itobolewe kwenye utepe wa karatasi na kuwekwa kabatini. Aliyeihitaji alienda kabatini, akachukua utepe na kuunakili ndani ya programu yake. Kabati hilo waliliita maktaba, na kwa hakika lilikuwa maktaba. Jina likabaki hata baada ya kabati kutoweka.

Tazama lakini kwamba mtu wa Cambridge alinakili. Programu yake ilibeba nakala yake binafsi. Programu kumi zikiwa na nakala kumi za hesabu ile ile, nafasi hupotea bure, na kosa likigunduliwa, ni lazima lisahihishwe mara kumi. Windows ilipotolewa kwa mara ya kwanza mwaka wa 1985, ilikuja na maktaba za aina nyingine: hesabu inakaa mahali pamoja, na programu huifikia pale inapoihitaji, wakati inapofanya kazi. Hiyo ndiyo DLL.

Hapa ndipo neno la tatu linapoingia, nalo ni kuazima. Siku hizi vijana wetu huchanganya kuazima na kukopa, lakini Kiswahili hakiyachanganyi. Jirani akikupa kibaba cha unga, umekopa: unga huo utaliwa, nawe utarudisha unga mwingine. Akikupa sufuria, umeazima: utarudisha sufuria ile ile. Kinachokopwa huisha. Kinachoazimwa hubaki. Programu haikopi DLL, kwa maana hailitumii likaisha. Huliazima likabaki lilivyo kwa ajili ya mwingine. Tena kuna nyongeza ambayo sufuria haina: programu kadhaa zinaweza kuiazima maktaba moja kwa wakati mmoja, kama wanafunzi wanaosoma tangazo moja ukutani. Kila sitiari ina mpaka wake, na huo ndio mpaka wa hii.

Kwa hivyo, tukitafsiri jina la DLL neno kwa neno, tutapata kitu kama "maktaba ya viungo badilifu", istilahi ambayo hata aliyeitunga atahitaji kuelezwa. Mimi ningependekeza "maktaba ya kuazima". Mwanafunzi wa kidato cha kwanza ataielewa. Atajua kwamba kitu hicho si mali ya programu moja, kwamba kikiharibika watakaoumia ni wengi, na kwamba hakiguswi ovyo.

Waswahili pia walituonya kwamba nguo ya kuazima haisitiri makalio. Wahandisi walilijua hilo kwa uchungu. Katika miaka ya 1990, programu mpya iliposakinishwa, iliweza kuleta toleo lake la maktaba na kuliweka juu ya lile lililokuwapo. Programu hiyo mpya ilifanya kazi vyema, lakini za zamani zilizozoea toleo la kwanza zikaanguka moja baada ya nyingine. Wahandisi wenyewe waliiita hali hiyo jehanamu ya DLL. Ndiyo sababu tangu Windows 2000, mfumo endeshi huu umewekewa ulinzi wa kuzuia faili zake muhimu zisibadilishwe kiholela.

Sasa turudi kwenye kuchoma, tuone maktaba zinazohusika. Windows XP, iliyotolewa mwaka wa 2001, ndiyo iliyowapa watumiaji wa kawaida uwezo wa kuchoma CD bila kununua programu nyingine, kwa ufundi ambao Microsoft iliupata kwa leseni kutoka kwa kampuni ya Roxio. Uwezo huo ulipewa jina la IMAPI. Katika toleo hilo la kwanza, ulichoma CD tu, si DVD. Windows Vista ilipowafikia wanunuzi wa kawaida mwaka wa 2007, ilikuja na toleo la pili lililoweza kuchoma DVD pia, na kazi ikagawanywa kati ya maktaba mbili kuu.

Ya kwanza inaitwa imapi2fs.dll. Kazi yake ni kupanga. Inachukua faili zako, inazipangia majina na mahali, na kutayarisha kile kinachoitwa taswira ya diski. Wasomaji wa fasihi wanalijua neno taswira kama picha inayojengwa akilini kwa maneno. Hapa linafaa kuliko neno picha, kwa sababu hatuzungumzii picha ya kupigwa kwa kamera. Taswira ya diski ni diski nzima kabla haijawa diski: kila kitu kikiwa mahali pake, tayari kuhamishwa. Wale wanaokutana na faili zenye jina linaloishia kwa ISO wamekutana na taswira iliyohifadhiwa.

Ya pili ni imapi2.dll, ile iliyomkosesha usingizi mtafiti wetu. Hii ndiyo inayozungumza na kiendeshi: diski imeingizwa? Ni tupu? Ni CD au DVD? Ichomwe kwa kasi gani? Kisha inasimamia uchomaji mpaka mwisho. Kwa mfano wa mfinyanzi, maktaba ya kwanza hufinyanga chungu, na ya pili husimamia tanuri. Mmoja akikosekana, hakuna chungu.

Maktaba hizi hukaa katika folda iitwayo System32. Hapa pia majina yanapotosha. Katika kompyuta za kisasa za biti 64, folda yenye 32 katika jina lake ndiyo inayohifadhi faili za biti 64, na zile za biti 32 zimewekwa katika folda nyingine iitwayo SysWOW64. Jina la zamani liliachwa ili programu zilizozoea njia hiyo zisipotee. Anayepakua faili mtaani na kuipachika kwa kufuata nambari iliyo katika jina la folda anaweza kuiweka nyumba isiyokuwa yake, na ujumbe wa makosa ukabaki pale pale.

Afanye nini basi aliyeambiwa maktaba haipo? Kwanza asome jina. Ikiwa jina ni imapi2.dll au imapi2fs.dll, hiyo ni mali ya Windows yenyewe, na dawa yake inatoka kwa Windows. Ikiwa jina ni la maktaba iliyokuja na programu fulani, kwa mfano Nero, ambayo ilikuja na maktaba zake yenyewe, dawa ni kuisakinisha programu hiyo upya. Ikiwa kompyuta ni kuukuu na bado inatumia Windows XP, huenda hakuna kilichopotea: XP haikuzaliwa na toleo la pili, na Microsoft ililitoa baadaye kama nyongeza.

Kwa Windows za baadaye, kuna amri ya kukagua maktaba zote za mfumo. Fungua dirisha la amri ukiwa na mamlaka ya msimamizi, andika sfc /scannow, kisha usubiri. Kompyuta italinganisha faili zake na nakala salama ilizojiwekea, na iliyoharibika au kukosekana itarudishwa. Kuanzia Windows 8, ikiwa hata zile nakala salama zimeharibika, kuna amri ya kuzikarabati: DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth. Baada yake, ile ya kwanza hurudiwa. Hakuna haja ya kuomba faili kwa mtu usiyemjua. Maktaba ya McMillan jijini Nairobi imekuwapo tangu mwaka wa 1931, na sidhani mkutubi wake angemruhusu mpita njia kuingia na kitabu kisicho na jalada na kukipanga mwenyewe rafuni. Kompyuta nayo ipewe heshima hiyo hiyo.

Lakini hata maktaba zote zikiwa sawa, kuna swali moja ambalo Windows humuuliza mchomaji, na jibu lake limewaponza wengi. Diski tupu ikiingizwa, kompyuta huuliza: unataka diski hii itumike kama flashi, au itumike kwenye vicheza CD na DVD? Mtu huona la kwanza ni rahisi, akabofya. Ukichagua la kwanza, unaweza kuongeza na kuondoa faili upendavyo, lakini diski hiyo inakusudiwa kompyuta zenye Windows XP au za baadaye, na huenda isisomeke kwingine. Ukichagua la pili, faili hukusanywa kwanza na kuchomwa kwa pamoja, hazihaririwi tena, na diski itasomeka katika kompyuta nyingi zaidi. Kwa kazi ya kumpelekea mtu mwingine, hasa usiyejua ana mashine gani, la pili ndilo salama.

Hili si jambo dogo. Katika mtihani wa vitendo wa somo la Kompyuta wa KCSE, kwa miaka mingi watahiniwa wameagizwa kuhifadhi kazi yao kwenye CD au kifaa kingine cha kuhamishika, na kuandika jina na nambari ya mtihani juu yake. Mtahiniwa anaweza kuwa ameijibu kazi vizuri, lakini ikiwa diski haisomeki upande wa pili, mtahini ataona nini? Ndiyo maana nasisitiza usemi wa "kufunga diski", yaani kuikamilisha ili mashine nyingine ziitambue kuwa imekwisha. Mfinyanzi hatoi chungu tanurini kabla ya wakati.

Kwa sisi tunaoshughulika na lugha za Kiafrika, kuna jambo jingine lililofichika katika ile maktaba ya kupanga. Mpangilio wa zamani wa diski, unaojulikana kama ISO 9660, katika kiwango chake cha msingi uliruhusu jina la faili lenye herufi nane tu, nukta, na herufi tatu za mwisho. Tena herufi zenyewe zilikuwa A mpaka Z kubwa, tarakimu na mstari wa chini. Katika mpangilio huo, huwezi kuandika jina la Gĩkũyũ au Kĩkamba kwa tahajia yake sahihi, kwa sababu irabu ĩ na ũ hazimo. Mwaka wa 1995, Microsoft ilileta nyongeza iitwayo Joliet, iliyoruhusu majina marefu zaidi, hadi herufi 64, na herufi za lugha nyingi. Maktaba ya imapi2fs.dll inaifahamu mipangilio yote miwili, pamoja na mwingine mpya zaidi uitwao UDF. Kwa hivyo, programu ya zamani ikikuuliza uchague, chagua Joliet au UDF. Vinginevyo ngano yenye jina zuri la Gĩkũyũ itatoka upande wa pili ikiwa imekatwa jina kama mkia wa mjusi, na atakayeikuta baada ya miaka 20 hatajua ni ngano gani.

Miaka 20 ndiyo inayonitia wasiwasi kuliko yote. Rangi ile inayobadilishwa na leza huchakaa kwa mwanga na joto. CD iliyochomwa na kuachwa dirishani au katika dashibodi ya gari juani haina maisha marefu. Watu wengi huulinda upande unaong'aa wakasahau kwamba katika CD tabaka la data liko karibu zaidi na upande wa jina, chini ya utandu mwembamba. Anayeandika jina kwa kalamu ngumu ya wino anaweza kuikwaruza hiyo data. Tumia kalamu laini ya ncha ya sufi, na uandike polepole.

Pamoja na hayo, kompyuta mpya nyingi, hasa zile ndogo za kubeba, haziji tena na kidroo cha diski. Maktaba za kuchomea bado zimo ndani ya Windows, lakini tanuri limeondolewa. Leo tunatumia flashi, nayo haichomwi. Huchomekwa, kisha ikachomolewa. Tazama uzuri wa lugha hii: choma, chomeka na chomoa zina shina moja, lile la kitu kupenya ndani ya kingine. Kiswahili kimevuka kutoka teknolojia moja hadi nyingine bila kuazima neno lolote.

Tofauti kati ya vitenzi hivyo ina somo. Kinachochomwa hubadilika na kudumu jinsi kilivyo. Kilichochomekwa huchomolewa, na yaliyomo hufutwa kwa kubofya mara moja. Kwa hivyo ushauri wangu kwa idara zetu za lugha, shule, redio za mashinani na familia zenye sauti za wazee katika CD za zamani ni kuzitafuta sasa, wakati kompyuta zenye kidroo bado zipo. Zisomwe, kila diski inakiliwe kama taswira kamili, na nakala ziwekwe mahali zaidi ya pamoja, kwa majina yenye tahajia sahihi. Mzee aliyetamba ngano hiyo huenda hayuko tena, na sauti yake hatuwezi kuiomba mara ya pili.

Na wale wanaotunga istilahi, katika vyama vya Kiswahili na vyuoni, wakumbuke kwamba neno zuri ni zana. Anayeelewa kwamba faili iliyokosekana ni maktaba ya kuazima hataenda kuiokota njiani. Atamuuliza mwenye maktaba.